Malalamiko ya Kamati ya Nyama Juu ya Mutura Uliopasukia Ndani ya Oveni

Kamati ya Nyama,
Nyuma ya Ukumbi wa Kanisa,
Runyenjes.
Jumatano, Aprili 1996.

Kwa Mama Mwenyekiti,
Kikundi cha Akina Mama Waoka Keki,
Jikoni, Ukumbi huo huo.

Mheshimiwa Mama Mwenyekiti Lydiah Wambeti,

KUHUSU: KUNYIMWA KEKI KWA SABABU YA UCHAFU AMBAO SI WETU

Natumaini barua hii itakukuta ukiwa mzima wa afya. Kusema kweli najua u mzima, kwa maana asubuhi ya leo nimekusikia ukikamua ng'ombe wetu huku ukiimba, na ni wewe uliyenimiminia chai. Lakini nilipofungua mdomo kulitaja jambo hili pale mezani ulisema, "Hapa mimi ni mke wako. Mambo ya oveni ni ya kikundi. Ukimtaka mwenyekiti, mwandikie mwenyekiti." Kisha ukaendelea kupuliza chai yako kama mtu asiye na kesi. Basi nimekwenda kununua karatasi, na huyu hapa nakuandikia.

Mimi, kama unavyofahamu kwa zaidi ya miaka ishirini na mitano, ni Hezekiah Nyaga, mwenyekiti wa Kamati ya Nyama, yaani wanaume wote wa kanisa hili wanaojua kushika kisu. Shule niliishia darasa la sita, lakini barabara ilinisomesha mpaka mbele. Nimeendesha lori hadi Kampala, hadi Kigali, na siku moja, kwa kupotea, hadi Bukoba. Nimekula samaki ambao jina lao hapa Embu hakuna anayelijua. Kwa hiyo ninapolalamika silalamiki kama mtu aliyezaliwa jana nyuma ya boma la mbuzi. Nalalamika kama mtu aliyetembea.

Malalamiko yenyewe ni haya.

1. Kwamba umetutegea mtego wa panya.

Jumapili baada ya ibada ulisimama mbele ya mlango wa jiko la ukumbi, ukatangaza mbele ya watu wazima na watoto kwamba hakuna keki itakayookwa kwenye ile kuka ya stima, lile jiko lenye oveni, iwe ya harusi au ya ubatizo, mpaka waliochafua oveni waisafishe. Wanaume tukacheka. Tulidhani ni mzaha. Hukufunga mlango. Ungefunga, tungesema tumefungiwa, tukaenda zetu na heshima yetu. Badala yake uliuacha wazi, ukaweka stuli hapo ndani, na juu ya stuli beseni, vitambaa na kopo la bekin soda. Tangu siku hiyo wanaume wote wanaupita mlango ule kwa mbali, wakitazama upande wa pili, kana kwamba kuna mbwa mkali amelala ndani.

Na harusi inayosubiri keki ni ya nani? Ni ya Igoki. Ni ya kitinda mimba wetu, Mama Mwenyekiti! Ni Jumamosi hii! Katibu wako Kiende, ambaye ndiye mwokaji, anasema keki isipoingia motoni kabla ya Ijumaa asubuhi haitapata nafasi ya kupoa na kupambwa. Anasema pia kwamba ikiokwa humo sasa hivi itatoka ikinuka damu iliyoungua, na wageni watadhani wanakula sadaka ya Agano la Kale. Kikundi hiki kimeoka keki za watoto wa kila mtu. Leo mwenyekiti anamnyima mtoto wake mwenyewe, halafu nyumbani analala usingizi mzuri. Nimekuchungulia. Unalala kabisa.

2. Kwamba mvua haikushitakiwa.

Kwa faida ya wanakikundi ambao hawakuwepo, nieleze. Jumamosi iliyopita walikuja wageni kutoka Ruiri, kule Meru, wakiongozwa na Mzee Marete, baba yake Mwirigi ambaye ndiye bwana harusi wetu, ili tumalizie mipango ya harusi. Tulichinja mbuzi. Na kama ilivyo desturi, nyama ya kuchoma ni kazi ya wanaume, huchomwa nje, na mwanaume aliyetahiriwa hana safari ya kuingia jikoni. Tuliwasha moto wa kuni za miti ya kahawa nyuma ya ukumbi mapema kabisa. Tukaandaa na mutura: utumbo mnene, tumeujaza nyama iliyokatwakatwa, damu, dania na pilipili, tukaufunga ncha zote mbili mpaka ukawa kama bomba la maji.

Hapo ndipo mvua ilipoteremka kutoka mlimani. Misheck Ireri, ambaye ni makamu wangu, alishika bati juu ya moto mpaka maji yakawa yanaingilia kwenye mikono ya shati na kutokea kwenye miguu ya suruali. Moto ulikufa. Ndani ya ukumbi Mzee Marete alikuwa ametazama saa, kisha akatazama tumbo lake, kisha akanitazama mimi. Wewe ungefanya nini? Ilihitajika akili iliyotembea. Nikasema, "Jamani, kule Mombasa hoteli zote kubwa huchoma nyama ndani ya oveni." Na ni kweli. Niliambiwa na mtu aliyekuwa akiwapelekea vitunguu.

Kwa hiyo mwenye makosa wa kwanza ni mvua. Lakini sikusikia ikitangazwa Jumapili.

3. Kwamba Bi Kiende ananiharibia jina.

Mutura ulipitishwa kwa heshima kwenye lile dirisha la kutolea vyakula. Hakuna mguu wa mwanaume uliovuka kizingiti. Kiende aliupokea kwa ndani, akaugeuza, akasema, "Baba Igoki, mmeutoboa?"

Nikamwambia, "Mama, mimi nimekula mutura kabla wewe hujajifunza kutambaa."

"Haya. Lakini kwenye moto wenu wa nje huwa mnautoboa kwa mwiba."

"Ule ni moto wa kuni, hauna shule. Huu ni wa stima. Stima ina adabu."

Akaniangalia kama watu wa Meru wanavyomwangalia mtu wa Embu anayejua kila kitu, akauweka ndani, akafunga mlango wa oveni. Yaliyofuata unayajua. Mlio ulikuwa kama wa gurudumu la lori linapopasuka kwenye mteremko. Mzee Marete, ambaye zamani alikuwa askari, alikuwa chini ya meza kabla kikombe chake hakijafika sakafuni. Kiende alipofungua, mutura haukuwepo. Ulikuwa umekuwa rangi ya ukuta. Uko juu, uko chini, uko kwenye kioo, uko kwenye vyuma vya kuwekea trei, na kipande kimoja kimeshika kwenye taa ya ndani, hata ukiiwasha inatoa mwanga mwekundu kama wa baa.

Ajali ni ajali. Ninacholalamikia ni kwamba Kiende anaisimulia sokoni kwa mikono yote miwili. Jana nimepita kwenye vibanda vya nyanya, na kijana mmoja ambaye hata ndevu hana akaniamkia hivi: "Shikamoo mzee. Umeutoboa?"

4. Kwamba hamuelewi mambo ya mpaka.

Mnasema, "Nyama ilikuwa ya nani? Haya basi, uchafu ni wa nani?" Hoja hii inapendeza masikioni, lakini ni ya mtu ambaye hajawahi kufika Malaba. Mimi nimelala Malaba. Mzigo ukiwa upande huu wa kizuizi ni wa nchi hii. Ukivuka, ni wa nchi ile, na ukimwagika huko, polisi wa huko ndio wanaokuja na makaratasi yao. Mutura ulivuka dirisha ukiwa mzima. Ulipokelewa na afisa wenu, naye ni Kiende. Ulipasukia kwenu. Kwa sheria zote za barabarani ule ni uchafu wa jikoni, na jikoni ni kwenu.

Nilipomweleza Misheck jambo hili alitikisa kichwa kwa muda mrefu, akasema, "Hezekiah, ungesoma ungekuwa hakimu." Namnukuu tu. Sijisifu.

5. Kwamba bidii yetu imedharauliwa.

Inasemwa kwamba wanaume hawakujaribu. Huo ni uongo. Tulijaribu, ila kwa njia isiyovunja desturi, yaani tukiwa nje ya dirisha.

Kwanza Misheck alileta pampu yake ya mgongoni, ile ya kupulizia kahawa dawa. Tuliijaza maji ya sabuni, akaivaa, akaingiza bomba dirishani, akalenga. Kabla hajabonyeza, Kiende alitokea akasimama mbele ya kuka akiwa amenyoosha mikono kama golikipa. "Hiyo pampu juzi ilikuwa na sumu ya wadudu! Mnataka bwana harusi afe na keki mdomoni?" Tukakubali. Sisi ni watu wa kusikia.

Pili, tulichukua ule mti mrefu wa kuangulia maparachichi, tukafunga kopo kwenye ncha, tukachota maji ya sabuni na kuyapitisha polepole kupitia dirishani mpaka mbele ya oveni, ambayo tulikuwa tumeifungua kwa mti huo huo. Hiyo peke yake ilikuwa kazi ya ufundi. Tukamwaga. Sasa, swichi ya ukutani ilikuwa haijazimwa, kwa sababu iko ndani na sisi tulikuwa nje. Ilitoka cheche ya buluu, ikasema paa! na ukumbi mzima ukawa giza. Kwaya ilikuwa ikifanya mazoezi ya wimbo wa harusi. Kinanda kilikufa katikati ya pambio, lakini wale wa sauti ya nne wakaendelea kuimba gizani kama ng'ombe waliopotea. Fundi wa stima alipokuja kubadilisha fyuzi na kuikausha kuka alituuliza kama tuna watoto. Tukasema tunao. Akasema, "Basi muwahurumie." Alisema mti ule ungekuwa mbichi, siku hiyo tungezungumziwa kanisani tukiwa tumelala mbele.

Tunamshukuru Mungu. Lakini je, mtu aliyeponea chupuchupu hivyo huambiwa hajajaribu?

6. Kwamba mna wataalamu na hamuwatumii.

Mimi sina kinyongo. Nitawapa ujuzi wangu bure. Bwawa la Kiambere lilipokuwa likijengwa nilikuwa dereva wa lori la vyakula, na kila mara nilipongoja mzigo ushushwe nilisimama mlangoni pa jiko la wahandisi. Mlangoni, Mama Mwenyekiti, si ndani. Niliwaona wapishi wakisafisha oveni kubwa kuliko choo chetu, zilizomwagikiwa mafuta ya kila aina. Nilitazama kwa makini. Fanyeni hivi.

Zimeni swichi ya ukutani. Si ile ya kwenye kuka peke yake, bali ya ukutani, mpaka ile taa nyekundu ife. Kama waya una plagi, ing'oeni kabisa. Acheni oveni ipoe hadi uweze kuweka shavu lako ndani kama kwenye mto. Toeni vyuma vya trei, mviloweke kwenye beseni la maji moto na sabuni. Kisha changanyeni bekin soda na maji kidogo mpaka iwe nzito kama uji wa mtoto, mpake kwenye madoa yote, lakini msipake zile koili zinazowaka wala pale penye taa. Halafu kaeni chini. Hapa ndipo watu wengi hushindwa. Mnatakiwa kuiacha kwa saa nyingi, mkitaka usiku kucha, ile soda ifanye kazi yake kimya kimya. Ndipo mfute kwa kitambaa kilicholowa kikakamuliwa, si kinachotiririka. Palipobaki, pakeni tena.

Msitumie waya wa kusugulia sufuria, utachuna ukuta wa ndani na kukwaruza kioo, na siku moja kioo kitapasuka kwenye moto. Msitumie kostik ya kutengenezea sabuni, itawachubua mikono. Na yule atakayewaambia mchanganye siki na ile dawa ya kung'arisha nguo nyeupe, mfukuzeni. Harufu yake ilimwangusha mpishi mmoja pale Kiambere akazinduka hospitalini, akiuliza kama chakula kimeiva. Mwishowe kausheni kila kitu, fungueni madirisha, muwashe oveni ikiwa tupu kwa kitambo mpaka harufu iishe. Baada ya hapo keki.

Unaona? Ujuzi uko. Kinachokosekana ni mwanamke wa kuutumia.

7. Kwamba mnahatarisha nchi.

Labda utasema, "Kama unajua hivyo, si uingie usafishe?" Nilijua utasema hivyo, kwa sababu umekuwa ukisema hivyo tangu Jumapili kwa macho. Nakuomba ufikirie mbali.

Leo mwanaume ataingia jikoni kusafisha oveni. Kesho ataambiwa, maadamu uko humo, osha na sufuria. Kesho kutwa atabebeshwa mtoto mgongoni. Wanawake, kwa kuwa mikono yao itakuwa mitupu, watatoka nje na kuchukua visu. Watachinja mbuzi wao. Watagawa nyama. Mbavu zitakwenda kwa akina mama na sisi tutapitishiwa kwato kwenye dirisha. Kahawa itaiva shambani na kila mwenye pampu atakuwa jikoni akikanda mandazi. Vijana watakaozaliwa baada ya hapo hawatajua moto wa nje unawashwaje. Akija mgeni kutoka Kampala akiuliza, "Wanaume wa hapa wako wapi?" ataonyeshwa safu ya nyayo zinazochungulia kutoka ndani ya oveni.

Na hao vijana watamwoa nani? Ni ukoo gani, hapa Embu au kule Meru, utakaompa binti yao mtu aliyeonekana akiwa na kichwa ndani ya oveni? Mimi nasema wazi na nitatia sahihi: nikisikia hata huyo Mwirigi, pamoja na ualimu wake, ameshika kitambaa cha kuka, harusi naisimamisha, hata kama bibi harusi ameshafika mlangoni pa kanisa.

8. Igoki.

Hapa sina lalamiko kamili, ila nimeweka namba kwa sababu nilikuwa nimeshafika hapo.

Mtoto hajasema kitu. Ndilo tatizo lake, amerithi kwako. Angelia ningemnyamazisha, angegomba ningemgombeza. Lakini ananiletea maji ya kunawa, ananiuliza kama koti langu la harusi lipigwe pasi, na akipita karibu na ukumbi anatazama ule mlango mara moja tu kisha anainama. Jana nilimkuta amekaa kwenye ngazi ya nyuma na karatasi aliyochora keki yake: ghorofa tatu, na juu kabisa maua ya kahawa, meupe. Ya kahawa! Nilimuuliza kwa nini asiweke waridi kama wenzake wote. Akasema, "Baba, waridi ni za watu wa Nairobi. Mimi nimekulia chini ya miti yako ya kahawa."

Mama Mwenyekiti, nilikwenda kumwangalia ng'ombe ambaye hakuwa na shida yoyote.

9. Maombi.

Kwa sababu hizo zote Kamati ya Nyama inaomba kwa unyenyekevu, na iwapo ombi la kwanza litashindikana tunaomba la pili, hivyo hivyo hadi chini:

Kwanza, akina mama wasafishe oveni kwa ujuzi niliowapa hapo juu, na kwenye kumbukumbu za kikundi iandikwe kwamba ilisafishwa chini ya uongozi wangu.

Pili, ikishindikana, mpaka uhamishwe. Kikao cha kanisa kitangaze kwamba kuanzia sasa oveni si sehemu ya jiko bali ni kitu cha nje ambacho mvua imekilazimisha kuingia ndani. Kisha kuka itolewe uwanjani na watu wanane, na wanaume waishughulikie huko.

Tatu, ikishindikana hata hiyo, harusi ipewe keki ya mukimo, yaani viazi na mahindi vilivyopondwa pamoja na majani ya malenge. Nimeshafikiria. Mukimo unakaa vizuri, haubomoki, unaweza kusimamishwa ghorofa tatu kwa sufuria za ukubwa tofauti, na rangi yake ya kijani inapendeza kwenye picha. Majina ya maharusi tutayaandika kwa punje za mahindi. Bwana na bibi harusi watalishana kwa kijiko, na baada ya hapo hakuna mgeni atakayelala njaa, jambo ambalo keki haijawahi kulifanya tangu iletwe nchini. Misheck alipolisikia wazo hili alivua kofia. Nadhani aliguswa.

Naomba jibu kwa maandishi. Ukiona ni mbali kunitafuta, niachie chini ya sahani yangu ya jioni.

Nafikia hapa kwa sababu karatasi imeisha, si kwa sababu hoja zimeisha. Wasalimie wanakikundi wote, kila mmoja kwa jina lake, hata Kiende, na umwambie mkono wake unapika vizuri ila mdomo wake unapika zaidi. Wasalimie wanakwaya na uwape pole kwa lile giza. Wasalimie wakwe zetu wa Ruiri watakapofika, na umweleze Mzee Marete kwamba Jumamosi hakutakuwa na kitu chochote cha kupasuka. Na ukifika nyumbani, tafadhali nisalimie sana mke wangu. Mwambie nampenda, ila amekaa kwenye cheo kibaya.

Ni mimi ninayekuheshimu ofisini na kwingineko,

Hezekiah Nyaga,
Mwenyekiti, Kamati ya Nyama.

Nyongeza baada ya sahihi. Alhamisi, jioni.

Mama Igoki,

Asubuhi nilikuja ukumbini niiweke barua hii juu ya ile stuli yenu. Nje ya mlango wa jiko nilikuta viatu vya mwanaume, vimepangwa vizuri. Nikachungulia. Niliona soksi, kisha suruali ya kazini, na mtu mwenyewe, kuanzia kiunoni, alikuwa ndani ya oveni. Alikuwa Mwirigi. Igoki alikuwa amempigia simu kutoka posta, wala hakumwomba afanye kitu, alimweleza tu ili alie kidogo. Kijana akapanda gari la kwanza kutoka Ruiri bila kumwambia hata baba yake.

Nilisimama kwenye kizingiti nikamwambia, "Mwalimu, unajua unachokiharibu hapo?"

Akajibu kutoka ndani, "Baba, keki ni ya Jumamosi."

Nilikuwa nimeshaanza kumsomea lalamiko namba saba. Ndipo nikatazama ukutani. Ile taa nyekundu ilikuwa inawaka. Mkwe wangu alikuwa amepiga magoti, kichwa na mikono ndani ya oveni yenye stima, mkono mmoja ameshika kitambaa kinachotiririka maji, na anakikaribisha kwenye koili.

Sikumbuki kuvuka kizingiti. Najua tu kwamba nilijikuta katikati ya jiko, mkono wangu uko juu ya swichi, miguu yake iko kwapani mwangu namvuta nje kama ndama, na mdomo wangu unamwambia maneno ambayo mtu hamwambii mkwe. Sikuweza kukubali binti yangu awe mjane kabla hajawa bibi harusi. Alipopata pumzi aliniomba msamaha. Mimi nilimwomba zaidi. Tukakaa sakafuni, kila mtu akijifanya anakagua vyuma vya trei.

Basi nikawa nimeshaingia. Na huyu mwalimu, pamoja na shahada zake, alikuwa amekuja na waya wa kusugulia sufuria. Nikamwambia, "Leta hapa." Tulipaka ile soda, tukaiacha mpaka mchana, tukanywa chai, akanieleza jinsi alivyokutana na Igoki, habari ambayo wewe ulinificha. Halafu tukaanza kufuta. Mimi nilishika juu, kwa sababu juu ndipo penye kazi.

Nilikuwa na kichwa ndani hadi mabegani niliposikia sauti ya Misheck kwenye dirisha la vyakula. "Nani yuko humo?"

Mimi nikazidi kuingia ndani. Mwirigi akasema, "Ni fundi, mzee."

Misheck akasema polepole, kama mtu anayeiba, "Fundi, nakuomba, hata iweje usimwambie Hezekiah kwamba mimi nimekuja." Akapitisha ndoo dirishani, akaondoka haraka.

Okeni keki. Maji aliyoleta yalikuwa ya moto vizuri kabisa.